Mstari wa Wakwe

Shemeji yangu na mama yangu waliishi kijiji kimoja miaka mingi bila kuonana uso kwa uso, na walikuwa wakipendana sana. Asiye wa kwetu akisikia hivyo hudhani waligombana. Hapana. Kwetu Usukumani, kijijini, wakati ule, mwanaume hakutani na mama mkwe wake. Akimwona kwa mbali njiani anaingia shambani kwa watu, hata kama ni jaruba la mpunga lenye maji, anajibanza humo mpaka mama apite. Hakai naye chumba kimoja, hali naye, hamtaji jina. Na mama mkwe si mmoja. Dada zake mama, wake wenzake, na wanawake wa rika lake katika ukoo ule, wote wamo. Mwanaume akioa anapata mke mmoja na watu wa kuwakimbia tele.

Wao wawili walikuwa na namna yao. Shemeji akiwa na neno la kumwambia mama, alikuja na ng'ombe wake wa jembe, akasimama nyuma ya ghala la mahindi, akaongea na ng'ombe. Aliwaambia kesho watalima hapa, ila hajui kama mwenye shamba ameshang'oa mabua. Mama alikuwa jikoni, naye alikijibu chungu. Alikiambia mabua yameng'olewa tangu juzi, na kwamba kuna watu wanachelewa kulima halafu wanailalamikia mvua. Dada yangu, ambaye ndiye mke wa shemeji, alikuwa akicheka mpaka anakaa chini. Mimi niliwahi kumwambia mama kwamba siku ya hukumu chungu kitaitwa kutoa ushahidi, akanirushia mwiko.

Nimeanza na hayo kwa sababu habari ya mgodi haieleweki bila hayo.

Ilikuwa miaka ya mwanzo ya soko huria. Bariadi ilikuwa bado wilaya ya mkoa wa Shinyanga, Simiyu haijazaliwa. Chama cha ushirika kilikuwa kimelala. Ghala letu la pamba, ambalo zamani msimu ukifika hukupata pa kukanyaga, lilikuwa limebaki kwa popo. Pamba ilinunuliwa na watu binafsi waliokuja na malori yao na mizani yao, mwaka huu huyu, mwaka ujao mwingine, na mwaka mwingine hakuna mtu. Neno jipya lililovuma lilikuwa mwekezaji, na watu walilitamka kwa ile sauti ya kumtajia askofu.

Mwekezaji akatufikia na sisi. Walikuja watu wa kampuni na gari lenye mtambo wa kutoboa, wakapiga kambi nyuma ya kilima cha mawe kilichoko mashariki ya kijiji, wakatoboa, wakaondoka na vipande vya mawe kwenye masanduku. Baadaye habari ikaja kutoka wilayani. Chini ya kilima kuna dhahabu, kampuni inaomba ardhi, na kijiji kitaamua chenyewe katika mkutano mkuu, kila mtu mzima na kura yake. Kampuni iliahidi zahanati, na barabara ya changarawe hadi Bariadi, barabara isiyokatika wakati wa mvua.

Chini ya kilima hicho, pale penye ardhi ya kichanga iliyoinuka, palikuwa na ngitili ya mama. Ngitili ni malisho ya akiba. Mvua zikianza inafungwa, hakuna mnyama anayekanyaga humo, majani yanaachwa yakue na kukomaa, kisha inafunguliwa kiangazi kikali wakati kwingine kote pamebaki vumbi. Baba ndiye aliyeizungushia uzio wa minyaa kabla hajafariki. Kuna mwaka wa ukame ambao nyumba nyingi zilibaki na kamba za kufungia mifugo bila mifugo yenyewe. Ng'ombe wetu walipona kwa majani yale, na maziwa yao na ndama wao ndio walionisomesha ualimu. Mama aliilinda ngitili kuliko alivyotulinda sisi. Ndama wa jirani akichungulia tu, jirani alipewa vidonge vyake asubuhi hiyo hiyo. Kwenye ramani ya kampuni, ngitili ya mama ilikuwa mahali pa kumwagia kifusi.

Upande mwingine walikuwa dada na shemeji. Nyumba yao ilikuwa ng'ambo ya mbuga ya udongo mweusi, ule ambao kiangazi unapasuka nyufa za kumeza mguu, na mvua zikinyesha unanasa kila kitu. Mwaka mmoja kabla mgodi haujatajwa, mvua zikiwa zimekolea, dada alishikwa na uchungu. Shemeji alifunga mkokoteni waende Bariadi, na mkokoteni ukazama mbugani. Mtoto alizaliwa pale kwenye tope, na hakulia. Dada hakunisimulia zaidi ya hapo, nami sikuuliza. Kwa hiyo walipoambiwa barabara, wao hawakusikia tena kitu kingine. Na siku za mkutano dada alikuwa mjamzito tena, mimba bado changa.

Mimi nilikuwa nafundisha shule ya msingi huko Nassa, nikaja nyumbani likizo ya katikati ya mwaka, nikakuta kijiji kizima kinachemka. Mama alinieleza habari za kifusi. Dada alinieleza habari za barabara. Kila mmoja alinitazama akingoja niseme wewe ndiwe mwenye haki, na mimi, ambaye ulimi wangu haujawahi kulala njaa, nikachukua ndoo nikaenda lamboni. Niliwakasirikia wote wawili. Usiku sikulala vizuri, nikijua hakuna namna ya mmoja kupata bila mwingine kukosa.

Mkutano ulifanyika kwenye uwanja wa ghala la pamba. Sungusungu, walinzi wetu wa kijiji, walipiga filimbi tangu alfajiri, watu wakaja mpaka wa vitongoji vya mbali. Wanaume walikaa upande wa barabara, wanawake upande wa ukutani, kama tunavyokaa siku zote, hata kanisani. Afisa wa wilaya alikaa mezani pamoja na mwenyekiti wa kijiji na mtu wa kampuni. Afisa hakuwa wa huku. Alikuwa mtu mwungwana, ila Kisukuma chake kiliishia kwenye salamu ya asubuhi, mwangaluka.

Nimehudhuria mikutano mingi tangu siku ile, mingine ya watu wenye digrii, na sijasikia mjadala uliofanana na ule. Mzee mmoja alitaka kujua kama dhahabu nayo itapimwa kwa mizani ile ya wanunuzi wa pamba, kwa sababu kama ni ile, heri ibaki chini. Mwingine aliuliza vumbi la mawe litatua wapi pamba ikiwa imepasuka. Kijana mmoja aliuliza ajira ni za watu wangapi na ni za miaka mingapi, na mtu wa kampuni akajibu kwa maneno mengi ambayo kijana alisema hayana jibu ndani. Watu waliulizia makaburi, maji ya lambo, na njia ya ng'ombe. Nilijivunia kijiji changu siku ile.

Mama alisimama. Wanawake wa rika lake hawakuwa wasemaji wa mikutanoni, naye akaifunga mikono yake ndani ya khanga. Alisema yeye hajui dhahabu. Anajua kwamba mwaka wa ukame watu wa kijiji hiki walikuja kwake na ng'ombe wao wanaoanguka, naye akawafungulia, na wengine wao wamekaa hapa leo. Akauliza mwaka kama ule ukirudi, wataenda kulisha kifusi? Akakaa.

Shemeji alisimama baadaye. Alikuwa msemaji hodari kuliko wote, na tangu alipoanza hakuwahi kugeuza shingo kuelekea upande wa wanawake. Alisema hana ugomvi na malisho, kwani naye anafuga. Akaeleza mbuga ilivyo wakati wa mvua, gurudumu linavyozama, ng'ombe wanavyovuta mpaka wanapiga magoti, na mtu anavyosimama pale asijue arudi au aendelee. Mtoto hakumtaja. Hata waliopinga mgodi waliinamisha vichwa. Nilimtazama mama. Alikuwa ameshika kidevu na macho yake yalikuwa kilimani.

Ikafika zamu ya kura. Afisa alianza na mikono. Ikashindikana, maana wengine walinyoosha kwa upande huu na ule, wengine walishusha kabla hawajahesabiwa. Akasema basi watu wapange mistari. Wanaokubali mgodi wasimame kwenye ukuta wa ghala, wanaokataa wasimame kuelekea lambo. Mimi, kwa kuwa niliandikishwa Nassa na sikuwa na kura pale, nikapewa kazi ya kuhesabu.

Tulikuwa tumejadili kila kitu, mpaka mizani. Hakuna hata mmoja wetu aliyekumbuka kwamba mstari wa kura hauna upande wa wanaume na upande wa wanawake.

Wanawake walitangulia. Mama aliinuka wa kwanza akaenda upande wa lambo, na nyuma yake wakaenda wengi. Kisha wanaume wakaanza kusogea, na hapo ndipo mambo yalipoharibika. Kamanda wa sungusungu, mtu aliyeogopwa na wezi wa ng'ombe mpaka Mwandoya, alikuwa ameupinga mgodi wiki nzima. Akaja na hatua zake ndefu mpaka karibu na mstari, akamwona mama wa mke wake mdogo, akageuka. Akaelekea ghalani, huko akakutana na mama wa mke mkubwa. Mara ya mwisho nilimwona akipotelea nyuma ya choo. Wengine walisimama katikati ya uwanja wakitazama viatu vyao. Walio wengi, ambao niliwasikia kwa masikio yangu wakilaani kifusi, walijiunga na mstari wa ukutani kwa sababu huko wakwe walikuwa wachache, na walisimama hapo wameupa mstari mgongo. Nilicheka, lazima niseme ukweli. Kisha nikahesabu, na kicheko kikaniisha. Mgodi ulikuwa umeshinda.

Afisa alitangaza. Walio katikati, alisema, wamechagua kutopiga kura, ni haki yao. Mtu wa kampuni akapiga makofi peke yake. Mama hakusogea kwenye mstari wake. Nilitamani kupiga kelele, lakini mhesabuji asiye na kura atapiga kelele kama nani?

Aliyejitokeza mbele ni shemeji. Nilidhani anakwenda kushukuru. Alivua kofia, akamwambia afisa, "Hesabu irudiwe, bwana. Wengi wa hawa walio nyuma yangu hawautaki mgodi. Wamewakimbia wakwe zao."

Afisa alimtazama kama mtu anayerudisha chenji aliyopewa kihalali. Akamuuliza kama si yeye aliyekuwa anautetea mgodi tangu asubuhi.

"Ndimi," shemeji akasema. "Na bado nautaka. Lakini hiyo ngitili ni ya mama mkwe wangu. Siwezi kuichukua eti kwa sababu watu wameshika adabu."

Alisema akimtazama afisa, kwa Kiswahili, sauti juu kidogo kuliko ilivyohitajika kwa mtu aliyeketi mbele yake. Mimi nilimjua. Ndiyo sauti aliyowasemeshea ng'ombe nyuma ya ghala letu la mahindi. Akapendekeza wanawake wapange peke yao, wahesabiwe, warudi kukaa, ndipo wanaume wapange. Mwenyekiti akamnong'oneza afisa mambo ya wakwe kwa kirefu, na afisa akacheka kwa mara ya kwanza siku ile, akakubali.

Nikahesabu wanawake. Mstari wa lambo ulikuwa mrefu mpaka ulipinda. Kwenye ukuta wa ghala walisimama wachache, karibu wote wa ng'ambo ya mbuga, na miongoni mwao alikuwa dada yangu, mkono tumboni, akitazamana na mama yake aliye upande wa pili wa uwanja. Nilipomfikia dada nilisimama, sikuweza kumnyooshea kidole. Nilimzaa mimi? Hapana, yeye ndiye aliyenibeba mgongoni mama akiwa shambani.

"Hesabu, mwalimu," akaniambia.

Nikamhesabu. Wanaume walipopanga, mistari yao ilikaribiana, kila mtu akienda alikotaka. Ila mstari wa wanawake ulikuwa umeshaamua. Kijiji kilikataa. Kampuni iling'oa kambi yake na hatukuisikia tena.

Watu walimsema shemeji. Wengine walimwita mwungwana, wengine walimwita mjinga aliyeshika ushindi mkononi akautupa. Dada alikuwa miongoni mwa hao wa pili, na aliishi naye siku kadhaa bila kumsemesha. Kwa mama hakukanyaga kabisa. Likizo yangu iliisha nikarudi Nassa na moyo mzito. Mama alikuwa ameshinda, lakini sikuona furaha yoyote nyumbani. Alikuwa akiamka, anakaa mlangoni, anatazama kilima.

Nilirudi likizo ya Desemba. Mvua zilikuwa zimeshatangulia, mbuga imejaa, na ngitili imefungwa, majani mapya yamefika magotini. Asubuhi ya pili nilimkosa mama nyumbani. Nilimfuata mpaka kilimani nikamkuta na panga, anakata minyaa. Alikuwa amegeuza uso pembeni kwa ajili ya utomvu, maana ule ukiingia machoni unapofusha, na alikuwa ameshafungua pengo la kupita mkokoteni. Upande wa pili wa ngitili, nikaona, lilikuwepo pengo jingine, visiki vya minyaa vikiwa bado vinatiririka maziwa.

"Mayu," nikamwambia, "unaharibu ngitili ya baba."

Hakuacha kukata. Alisema hapa ni kichanga, hapazami. Mtu akitoka ng'ambo ya mbuga akipita chini ya kilima anatokea barabara ya Bariadi bila kugusa tope. Nikamwambia hilo kila mtu analijua. Hapo akasimama, akafuta panga kwa majani.

"Na yeye alilijua," akasema. "Siku ile alipita mbugani kwa sababu huku ni kwangu, na kumefungwa."

Nilikaa chini kwenye yale majani mabichi. Sikuwa nimewahi kuliwaza hilo, na nadhani kijiji kizima hakikuwa kimeliwaza. Mtu ana mke anayelia kwenye mkokoteni, mbele yake kuna ardhi ngumu, na anageuza ng'ombe kuingia topeni, kwa kuwa ardhi ngumu ni ngitili ya mkwe na ngitili ya mkwe haikanyagwi wakati wa mvua. Na asimwambie mtu, si kabla wala baada. Mama alikuwa amelijua tangu siku ya mkutano, shemeji alipokuwa akieleza gurudumu linavyozama. Alilia pale akiwa amesimama, bila kufunika uso, nami nilikuwa sijamwona akilia hivyo tangu msiba wa baba. Kisha akanituma kwa dada nikamwambie njia iko wazi.

Dada alinisikiliza mpaka mwisho, akaingia ndani, akatoka na kuku wa kumpelekea mama.

Uchungu ulimshika wiki iliyofuata, asubuhi, mvua ikinyesha nyembamba. Nilitembea kando ya mkokoteni nikimshika mkono. Tulipofika kwenye pengo la kwanza, shemeji aliwasimamisha ng'ombe. Nyuma ya minyaa, hatua chache tu, palionekana upindo wa khanga ya mama. Shemeji aligeuza uso upande wa mbuga, kama inavyotakiwa.

"Tembeeni taratibu," akawaambia ng'ombe wake. "Hapa ni kwa mama."

Nyuma ya uzio mama aliliambia panga lake kwamba ng'ombe hawakuitwa hapa kusimama, mtoto hangoji mtu. Dada, katikati ya uchungu, akacheka. Tukapita. Majani mabichi yalilala chini ya magurudumu mpaka pengo la pili, na barabara ilikuwa pale.

Mtoto alizaliwa Bariadi akilia vizuri tu, na siku hizi anaendesha bodaboda huko huko mjini, mkoa umefika, lami imefika, wala hajui mbuga inavyonasa. Mama hakuyaziba yale mapengo mpaka alipofariki. Sisi pia hatujayaziba. Kila mwaka mvua zikianza tunaifunga ngitili, majani yanaota kote, isipokuwa kwenye ile njia.